Maria wa Bunkeya

Juma lililopita nilikuwa nikiwafundisha wanafunzi wangu wa hapa Mashamba habari za Mwami Msiri. Nilikuwa nimeandika ubaoni majina na miaka, kama ilivyo desturi ya walimu. Kijana mmoja wa kiti cha nyuma, ambaye kwa kawaida husema neno moja kwa juma zima, akainua mkono akaniuliza: "Mwalimu, yule Maria alikuwa mtu wetu au mtu wao?" Kengele ikalia kabla sijafungua kinywa. Naikiri furaha yangu, maana kengele iliniokoa. Leo nataka kumjibu yeye pamoja nanyi.

Kwanza nikumbushe habari ambazo wazee wanazijua kuliko mimi. Msiri hakuzaliwa Katanga. Alizaliwa Usumbwa, upande wa magharibi wa Unyamwezi, katika nchi iitwayo leo Tanzania, yapata mwaka 1830. Baba yake, Kalasa, alikuwa mfanyabiashara ambaye misafara yake ilikuja huku kwetu kununua shaba. Mwana akafuata nyayo za baba, akaona utajiri wa nchi, akakaa. Alikuja na watu wachache na bunduki chache, lakini katika nchi ya mishale bunduki chache ni jeshi. Akamsaidia Mpande, mkubwa wa Wasanga, kuwafukuza adui zake Waluba. Na kidogo kidogo mgeni akawa mwenyeji, na mwenyeji akawa bwana. Watu wake wakaitwa Wayeke, ndiyo kusema wawindaji wa ndovu. Mji wake mkuu ukawa Bunkeya, ambao leo umo katika wilaya ya Lubudi, katika jimbo letu hili la Lualaba.

Ufalme ule uliishi kwa njia mbili. Njia ya mashariki ilikwenda Ujiji na Tabora mpaka pwani ya Zanzibar, nayo ilileta nguo na shanga. Njia ya magharibi ilipita katika nchi ya Walunda, ikafika Bihe na kushuka mpaka Benguela katika bahari ya Angola; hiyo ndiyo iliyoleta bunduki na baruti. Huku kwetu zikatoka pembe za ndovu, misalaba ya shaba, chumvi, na, yafaa tuseme bila kuficha, watumwa kwa mamia. Bila njia ya magharibi Msiri angalikuwa mtemi mmoja kati ya watemi wengi. Kwa njia hiyo alikuwa mfalme. Shikeni jambo hilo, maana Maria alikuja kwa njia hiyo hiyo.

Jina lake kamili lilikuwa Maria de Fonseca. Alikuwa chotara, damu ya Kireno na damu ya Kiafrika ya Angola. Mtu aliyemwunganisha na Bunkeya ni jamaa yake, Lourenço de Souza Coimbra, chotara naye, mfanyabiashara wa Bihe, ambaye misafara yake ilimletea Mwami silaha. Tusidanganyane kuhusu maana ya ndoa ile. Mfalme alitaka mkono wa Wareno ukae nyumbani mwake. Mfanyabiashara alitaka sikio lake likae ndani ya ua wa mfalme. Mwanamke akawa daraja, na wote wawili wakapita juu yake.

Je, tumwite nani? Jambo hili limenisumbua. Vitabu vya Wazungu vingine vyasema "mke mpendwa," vingine vyamsema kama hawara tu. Msiri alikuwa na wake wengi mno. Frederick Stanley Arnot, mhubiri Mskoti wa Kiprotestanti aliyefika Bunkeya mwezi wa Februari 1886, asema walikuwa mia tano. Sisi tuliofundishwa sakramenti ya ndoa twaweza kusema upesi kwamba huyo hakuwa mke. Lakini neno "hawara" lataka mwanamke aliyejichagulia njia ya maficho, na Maria hakufichwa, wala sidhani kwamba aliulizwa. Alikaa mbele ya watu wote, akiheshimiwa, akiogopwa, na akichukiwa. Basi mimi nitamwita bibi wa mfalme, na kila msomaji achague neno lake.

Maisha ya mabibi wale yalikuwaje? Wengi hufikiri ya kwamba walikaa kivulini wakisuka nywele na kugombana. Kugombana hakukukosa, lakini kazi yao ilikuwa kubwa kuliko hiyo. Msiri alioa kwa hesabu ya ramani. Kila nchi aliyoishinda, na kila mkubwa aliyemtii, alitoa binti au dada. Na binti huyo alipofika Bunkeya akawa mlango wa nchi yake. Watu wa kwao walipoleta kodi ya pembe, chumvi, majembe au shaba, walimpitia yeye. Walipokuwa na shauri walilala kwake, wakamweleza, naye akamweleza Mwami. Walipokuwa na hila moyoni, mara nyingi yeye ndiye aliyeinusa kwanza. Mji wa Bunkeya haukuwa mji mmoja wa boma moja, bali mitaa na vijiji vilivyotawanyika bondeni, na mabibi wakubwa walikuwa na watu wao, mashamba yao na watumwa wao. Katika zamani zetu hizi tungesema kwamba Mwami alioa mawaziri wake.

Sasa, kama binti wa Kilamba alikuwa mlango wa Ulamba, Maria alikuwa mlango wa nchi gani? Ya Bihe, ya Benguela, ya Wareno, ya wote wavaao viatu. Katika miaka ya 1884 na 1885 wasafiri wawili wa Kireno, Capelo na Ivens, walivuka Afrika kutoka Angola mpaka Msumbiji, na Ivens akafika Bunkeya. Baada yake akaja Arnot, kisha Swan na Faulknor, kisha Crawford na wenzake. Kila mara mgeni mweupe alipotokea mlimani, macho ya ua wote yalimgeukia Maria, kana kwamba amemwita yeye. Wake wenzake walikuwa na kaka na wajomba ng'ambo ya mto. Yeye jamaa zake walikuwa mbali, safari ya miezi mingi, na walikuja tu walipokuwa na kitu cha kuuza.

Hapo nataka kupotoka njiani kidogo, nanyi mnisamehe. Katika Ureno yenyewe, miaka mia tano na zaidi kabla ya Bunkeya, palikuwa na mwanamke aitwaye Inês de Castro. Alikuja kutoka nchi jirani akiwa katika jamaa ya Constança, aliyeletwa kuolewa na Pedro, mwana wa mfalme Afonso wa Nne. Pedro akampenda Inês. Constança alipokufa akakaa naye kama mkewe, wakazaa watoto. Wakubwa wa baraza hawakuogopa mapenzi yale. Waliogopa kaka zake Inês, wenye nguvu na wageni, wasije wakaiingiza Ureno katika vita vya jirani na kumweka mtoto wa Inês mahali pa mrithi wa haki. Tarehe 7 Januari 1355, Pedro akiwa hayupo, mfalme akaruhusu auawe. Mji alimouawa unaitwa Coimbra, jina lile lile la yule mfanyabiashara wa Bihe. Jambo hilo halina maana yo yote, lakini nilipolikuta nilifunga kitabu kwa muda.

Pedro akamwasi baba yake, na nchi ikaungua kwa vita vya baba na mwana mpaka walipopatanishwa. Alipopata ufalme mwaka 1357 akawatafuta wauaji. Wawili alikamatiwa, akawaua kwa mateso makali, wa tatu akaponyoka. Mwaka 1360 akatangaza kwamba alikuwa amemwoa Inês kwa siri. Akamchongea kaburi la jiwe katika monasteri ya Alcobaça, na kaburi lake mwenyewe akaliweka huko huko. Watu walioongeza habari ya maiti kuvikwa taji walikuja baadaye, nasi tuwaachie washairi hadithi hiyo. Ninachotaka mkione ni hiki: Inês aliuawa kwa sababu ya kaka zake. Kosa lake mwenyewe halikuandikwa mahali po pote.

Turudi nyumbani. Huku kwetu pia vita vilianza kwa kifo cha mwanamke, lakini hakuwa bibi wa mfalme. Jina lake Masengo, Msanga. Aliuawa mikononi mwa Wayeke. Wasanga walikuwa wamevumilia mengi: kodi, kazi, watu wao kuuzwa, na vichwa vilivyotundikwa juu ya miti kuzunguka ua wa Mwami, ambavyo Arnot aliviona kwa macho yake. Walikuwa ndio wenye shaba. Mababu zao waliichimba na kuiyeyusha tangu karne nyingi kabla ya Msiri kuzaliwa, na watu wazima wa Kolwezi hawahitaji kuambiwa habari za wala-shaba. Huyo mmoja akawa wa mwisho. Waliodai damu ya Masengo hawakupewa haki, wakashika silaha, na kijiji baada ya kijiji kikawafuata.

Kufikia mwaka 1891 ufalme wote ulikuwa vitani ndani ya nyumba. Nasema ndani ya nyumba, maana Wayeke na Wasanga walikuwa wameoana kwa miaka thelathini na zaidi; mtoto wa Kiyeke alikuwa na mjomba wa Kisanga. Wasanga hawakuushambulia mji mkuu kwa jeshi kubwa. Walifanya jambo baya zaidi kwa Mwami: waliifunga njia ya magharibi. Misafara ya Bihe haikupita, na baruti haikufika. Watu waliogopa kwenda mashambani, na mashamba yasipolimwa ghala hutoa sauti ya tupu. Njaa ikaingia Bunkeya.

Fikirini sasa hali ya Maria. Heshima yake yote ilisimama juu ya njia ile. Jamaa yake alikuwa mleta baruti; baruti haiji, basi huyu bibi ni wa nini? Mwami alizeeka, akawa na shaka juu ya kila mtu, hata watu wa ua wake walihama usiku mmoja mmoja. Binti wa Kisanga angeweza kutoroka mpaka kwa mjomba wake kabla ya jogoo kuwika. Binti wa Angola angetoroka kwenda wapi? Njia ya kwao ndiyo iliyofungwa.

Na wakati huo huo mataifa ya Ulaya yakaanza kugombania nchi. Mwezi wa Novemba 1890 akafika Alfred Sharpe, akitaka Msiri atie alama katika karatasi ya Waingereza, akakataliwa. Aprili 1891 akaja Paul Le Marinel, kwa jina la Dola ya Kongo ya Mfalme Leopold wa Pili, akaacha kituo penye mto Lofoi. Oktoba akaja Alexandre Delcommune. Naye akajibiwa hapana. Msiri alikuwa tayari kupokea nguo, salamu na hasa baruti. Bendera hakuitaka. Mimi ninayemhesabu kuwa mtu mkatili siwezi kumhesabu kuwa mpumbavu: alifahamu maana ya bendera kuliko watemi wengi waliotia alama zao katika karatasi wasizozisoma.

Tarehe 14 Desemba 1891 akaingia Kapteni William Stairs, mzaliwa wa Kanada, mtumishi wa Leopold, na pamoja naye Bodson Mbelgiji, Bonchamps Mfaransa, daktari Moloney, na askari na wapagazi waliochukuliwa Zanzibar. Kwa siku chache wakasemezana. Msiri aliomba baruti, Stairs akataka bendera. Tarehe 19 Stairs akaipandisha bendera juu ya kilima bila ruhusa ya mwenye nchi. Usiku ule Msiri akaondoka, akaenda kijiji cha Munema. Asubuhi ya tarehe 20 Stairs akawatuma Bodson na Bonchamps, pamoja na askari mia na zaidi, kumleta. Bodson akaingia kijijini na watu wachache. Maneno yakawa makali, bastola ikalia, Msiri akaanguka. Masuka, mwanawe, akampiga Bodson risasi, naye Bodson akafa siku ile ile. Kichwa cha Mwami kikakatwa. Hata leo watu wauliza kilipo.

Baada ya hayo yakaja mambo ambayo vitabu huyapita kwa mstari mmoja, na kwa ajili ya mstari huo nimeandika ukurasa huu. Mukanda-Bantu akawekwa mahali pa baba, chini ya bendera ya Dola. Na kwa amri yake Maria de Fonseca akauawa. Shtaka lilikuwa usaliti: kwamba alikuwa amemtoa Mwami mikononi mwa Wazungu.

Vijana, tulipime shtaka hili kama mzee wa baraza apimavyo. Stairs alihitaji msaliti wa nini? Mahali alipo Msiri palijulikana. Munema ni karibu na Bunkeya, na wajumbe walikuwa wakienda na kurudi mchana kweupe. Siri ya nguvu zake haikuwapo tena, maana kila mtu aliona kwamba baruti imekwisha na Wasanga wamesimama mlangoni. Labda Maria alisema na wageni wale; ilikuwa ndiyo kazi yake tangu siku aliyoletwa, na Mwami mwenyewe alimweka kwa kazi hiyo. Kusema na Wareno ulipokuwa wakati wa baruti kuliitwa utumishi. Kusema na Wazungu ulipokuwa wakati wa msiba kukaitwa hiana. Ulimi ni ule ule.

Tena, tazameni nani aliyemhukumu. Mukanda-Bantu alipata kiti chake kutoka kwa watu wale wale waliomwua Msiri. Alikuwa na bendera yao juu ya mji wake, na kwa miaka iliyofuata alitembea na askari wa Dola kupigana na Wasanga walioasi. Simlaumu kwa haraka. Watu wake walikuwa wakifa kwa njaa na adui walikuwa pande zote, na hakuwa na njia nyingine ya kuwaokoa Wayeke wasifutwe katika nchi. Lakini mtu aliyeketi katika kiti kilicholowa damu ya Mwami, kwa ruhusa ya wamwagaji wa damu ile, alikuwa na haja kubwa ya kuwaonyesha watu mkosaji mwingine. Stairs hakuweza kumgusa. Maria aliweza. Hakuwa na mjomba wa kuja kudai damu yake, kama Wasanga walivyodai ya Masengo. Coimbra alikuwa mfanyabiashara, na biashara yake Bunkeya ilikuwa imekwisha.

Mzee mmoja jirani yangu, Msanga, nilipomsomea sehemu hii alitikisa kichwa. "Mwalimu," akasema, "wewe unamlilia sana huyo. Nani aliwalilia wale waliouzwa kwa baruti ya ndugu yake?" Nilinyamaza. Ni kweli kwamba kila pipa la baruti lililokuja kwa mkono wa jamaa yake Maria lililipwa kwa pembe na kwa watu, na watu hao walitoka katika vijiji vya nchi hii. Alikula chakula cha ua ule na kuvaa nguo zake. Niliandika neno la mzee kama alivyolisema, na sikubadili lililotangulia.

Kwa Wazungu nao faida haikukaa mikononi. Njaa ya Bunkeya iliwaua askari na wapagazi wa Stairs kwa makumi. Mabwana wenyewe walilala na homa. Mwishoni mwa Januari 1892 msafara wa Bia na Francqui ukafika ukawakuta katika hali hiyo. Stairs akaanza safari ya kurudi, akafa kwa malaria penye mlango wa Zambezi mwezi wa Juni, kabla ya kuiona bahari kuu ya kwenda kwao. Masanga na Walamba wakawa nje ya mkono wa Bunkeya. Shaba, ambayo kwa ajili yake wote walikuja, ilibaki chini ya udongo kwa miaka mingine karibu ishirini, mpaka siku za Union Minière.

Basi, kwa yule kijana wa kiti cha nyuma: umeuliza kama alikuwa wetu au wao. Mwami alimpokea ili awe wao kwa ajili yetu. Jamaa zake walimtoa ili awe wetu kwa ajili yao. Siku ya msiba kila upande ukasema, "Si wetu." Ukitaka jibu fupi zaidi, uniulize tena darasani, ila si kabla ya kengele.

Kila mwaka, tarehe 20 Desemba, Wayeke hukusanyika Bunkeya kumkumbuka Mwami wao, na watu hutoka hata huku Kolwezi kwenda kuwaona. Wasomaji watakaokwenda safari ijayo nawaomba jambo moja. Wapo huko kina nyanya wanaojua majina ya mabibi wa Msiri, bibi gani alitoka nchi gani, na mtaa wake ulikuwa upande upi wa bonde. Kaeni nao, waulizeni kwa adabu, mwandike majina hayo, mniletee. Nina daftari tupu, na mpaka sasa ukurasa wa kwanza una majina mawili tu: Maria na Masengo.